Semina Tumeshiba, Tunataka Ukindu

Tarehe 1 Juni 2019, serikali ilipopiga marufuku mifuko ya plastiki Tanzania Bara, wanawake wanaosuka vikapu katika milima ya Usambara walifunguliwa soko na sheria. Fundi wa kijijini haoni jambo hilo mara mbili maishani. Wiki ile sokoni Lushoto vikapu vya zamani vilishuka darini. Watu walivipangusa masizi, wakavishona mikono iliyokatika, wakaenda navyo kununua nyanya na ndizi. Akina mama wa vibanda vya matunda pale Soni walituuliza sisi wasukaji tunavyo vingapi. Madereva wanaopanda kuchukua kabichi za Kariakoo walitaka vya kushuka navyo, dazeni kwa dazeni.

Hatukuwa navyo. Tulisuka usiku na mchana, tukamaliza ukindu wote tuliokuwa tumeuweka, kisha mikono ikakaa bure. Miezi haikupita mingi, mifuko mbadala ya kiwandani ikajaa madukani, bei yake mia mbili mia tatu, na lile soko likatuponyoka.

Tangu hapo nimesikia maelezo mengi ya kwa nini wanawake wa milimani hawakuchangamkia fursa. Wanasema hatuna elimu ya ujasiriamali, hatuna ubunifu, hatujui vipimo vya ubora, na mabinti zetu hawapendi kazi za mikono. Mimi ni mwalimu mstaafu wa shule ya msingi. Nimefundisha Stadi za Kazi miaka mingi, nimesuka tangu utotoni, na ni mwanachama wa kikundi cha wasukaji kijijini kwetu, upande wa Soni. Maelezo hayo nimeyasikiliza kwa adabu katika semina nyingi, nimekunywa soda na kusaini fomu ya mahudhurio. Sasa naomba nisikilizwe mimi. Tulichokosa mwaka ule ni ukindu, na tunaukosa mpaka leo kwa sababu mahali unapoota pamelimwa.

Msomaji wa mjini anayekiona kikapu kikiwa kimekamilika hana namna ya kujua safari yake, kwa hiyo nieleze. Ukindu hutoka kwenye mkindu, mti wa jamii ya mtende unaoota kwa mashina mengi pamoja penye unyevu: kando ya vijito, kwenye chepechepe za bondeni, pembeni mwa msitu. Matunda yake madogo watoto huyala na ndege huyagombania. Tunachokata sisi si jani lililokomaa. Tunakata chipukizi la katikati ambalo bado limesimama wima halijafunguka, kwa sababu ndani yake majani ni meupe, laini na hayajapigwa na upepo. Mama yangu alikuwa na kanuni isiyojadiliwa: shina moja, chipukizi moja, kisha shina hilo linaachwa mpaka litoe jingine na lifunguke. Mwenye kukata mfululizo kwenye shina moja analiua. Binti aliyeonekana amekata mawili alirudishwa nyumbani bila kitu, na mama hakujali analia au halii.

Chipukizi likifika nyumbani linafumuliwa na kuanikwa juani, na jioni linaingizwa ndani lisipate umande. Lushoto mjini ni kama mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, na vijiji vingine viko juu zaidi. Kuanzia Juni hadi Agosti ukungu unaweza kukaa mpaka saa nne asubuhi, basi kazi ya kukausha peke yake inadai subira. Ukindu ukishakuwa mweupe unachanwa kwa ukucha au kwa sindano, chane zote ziwe na upana mmoja. Zinazotakiwa rangi zinachemshwa. Bibi zetu walitumia mizizi, magome na matope meusi, sisi tunanunua rangi za unga dukani. Kisha chane zinaloweshwa kidogo na kusukwa ukili, ule mkanda mrefu unaoviringishwa na kubebwa kwapani. Ukili hausubiri mtu akae. Husukwa njiani kwenda shamba, kwenye foleni ya zahanati, kwenye mkutano wa kijiji, msibani. Ukifika urefu unaotosha ndipo tunakaa chini kuushona, tukianzia kitako na kuzunguka kuelekea mdomoni, mshono ukifichwa ndani ya ukingo wa ukili. Mikono ya kikapu ndiyo mtihani wa fundi. Ikikatika, jina lako limekatika sokoni.

Kazi hiyo yote, ukiihesabu kwa siku za mtu ambaye pia anapika, analima, anachota maji na kulea, ni siku kadhaa kwa kikapu kimoja cha kawaida. Bei yake kijijini inanunua kilo mbili, pengine tatu, za sukari. Sisemi hivi ili nionewe huruma. Pesa hiyo ndogo ina sifa moja ambayo pesa nyingine za nyumbani hazina: inaingia mkononi mwa mwanamke na inatoka kwa hiari yake. Hela ya ukili imenunua madaftari, imelipa hisa za vikoba, imempeleka mtoto mwenye homa zahanati usiku bila kungoja baba arudi. Nimefundisha watoto ambao sare zao zilitoka kwenye ukili, na niliwajua, kwa sababu mama zao walikuja kulipia michango wakiwa na noti ndogo ndogo zilizokunjwa kwenye ncha ya khanga.

Shuka leo bonde lolote kati ya Soni na Lushoto, au nenda upande wa Mlalo, uangalie mto. Utaona kabichi mpaka ukingoni, karoti, hoho, nyanya, saladi, vitalu vimepangwa kwa ustadi na mifereji midogo inapita katikati. Ni kilimo kizuri na kinalisha Dar es Salaam. Kila hatua ya bonde ina bei na ina mwenyewe. Mkindu haukuwa na mwenyewe. Ulikuwa wa wote, yaani wa wanawake wanaosuka, na kitu cha wanawake wote hakikuandikwa popote, kwa hiyo ulipofyekwa hakuna aliyeulizwa. Mahali pengine kando ya maji imepandwa mikaratusi, mti ambao kila mtu anajua unavyokunywa. Mashina machache ya mkindu yaliyobaki yamekatwa chipukizi juu ya chipukizi, kwa sababu watu wengi wanagombea kidogo, na kanuni ya mama yangu haiwezi kushikwa na mtu anayejua kwamba akiacha chipukizi leo, mwenzake atalikata kesho.

Siwalaumu wakulima wa mboga. Kaka zangu ni wakulima wa mboga, na kabichi imesomesha watoto wa ukoo wetu. Lakini tuseme ukweli wa jinsi ardhi inavyoshikwa kwetu. Shamba la mteremkoni, la mahindi, maharage na migomba, familia yote hulima. Shamba la bondeni, lenye maji na pesa, ni la baba. Anapoongeza kitalu kimoja cha karoti kuelekea mtoni, nyumba inapata mapato yanayopita mkononi mwake, na mke anapoteza mapato yaliyokuwa yakipita mkononi mwake yeye. Hakuna aliyekusudia kumdhulumu. Limetokea hatua kwa hatua, kila mwaka hatua moja, na ndiyo maana halijawahi kuwa ajenda ya kikao.

Wafinyanzi wetu yamewakuta yaleyale. Kwa Wasambaa, kufinyanga vyungu ni kazi ya wanawake, na zamani mwanamume hakuruhusiwa hata kusogea mahali wanapofinyanga. Ni ufundi mkongwe katika milima hii na mabonde yake. Vigae vya mwanzo wa Zama za Chuma vilivyochimbuliwa na wataalamu wa mambo ya kale kaskazini mashariki mwa Tanzania, Usambara ikiwemo, vina umri wa zaidi ya miaka 1,500. Mfinyanzi wa kwetu hatumii gurudumu. Anajenga chungu kwa mikono, anakilainisha, anakikausha kivulini, anakichoma kwa kuni na majani mahali pa wazi, kisha anakibeba kichwani hadi gulioni. Sufuria haijamshinda. Wapo wengi wanaojua kwamba maharage ya chunguni hayana mfano, na hoteli na wenye bustani mijini wananunua. Kinachomshinda ni udongo. Udongo wa mfinyanzi unakaa bondeni, kwenye ardhi ileile ya mboga, na shimo ambalo bibi yake alichota bila kumuomba mtu leo liko chini ya nyanya za mtu. Mmoja wa wafinyanzi ninaowaheshimu sana siku hizi analipia udongo kwa debe, na mwenye shamba akihitaji kupanda, hata kwa pesa hapati.

Nirudi kwenye ukindu. Sisi tunaoendelea kusuka tunanunua unaoletwa kutoka tambarare, umefungwa mafungu na kupandishwa kwa basi kutoka Mombo. Nauli inaingia kwenye bei. Ubora wake hatuuchagui: mara nyingi umekatwa umekomaa, ni mkavu na unakatika. Mabinti wengine wamehamia kwenye kamba za plastiki zinazofungia mizigo ya viwandani, wanasuka vikapu vyenye rangi kali vinavyodumu. Siwasemi vibaya, maana ni mikono ileile na wanafanya hesabu sahihi. Lakini mtu asiniambie kwamba wamekimbia ukindu kwa kuudharau. Wamekimbia kwa sababu haupo. Binti wa jirani yangu anasuka plastiki Jumatatu mpaka Jumamosi, na nikipata fungu zuri la ukindu, huyohuyo ndiye wa kwanza kubisha hodi.

Wapo wanaotushauri tuhamie katani. Wanataja viondo vya Wakamba na Wakikuyu, na wanatukumbusha kwamba katani imejaa chini ya milima yetu tangu Mjerumani Richard Hindorf aliponusuru miche michache na kuipanda Tanga mwaka 1893. Ushauri si mbaya. Lakini katani ni zao la nchi kavu na la mashamba makubwa, na mwanamke wa milimani atainunua kama anavyonunua sasa ukindu wa tambarare. Wengine wanataja Rwanda, ambako kikapu cha agaseke kimewekwa kwenye nembo ya taifa, na kampuni ya akina dada wawili, Gahaya Links, ilifikisha vikapu vya wanawake wa vijijini katika maduka ya Macy's ya Marekani. Nimezisoma habari hizo nikafurahi. Ila kila anayezisimulia anasimulia mnunuzi. Kikapu chao ni cha nyuzi za katani na majani, vitu ambavyo kwao mtu anaweza kuvikuza karibu na nyumbani. Macy's wangekuja Soni kesho, tungewasukia kwa kitu gani?

Serikali imetuwekea fedha, na hilo nalishukuru. Kila halmashauri inatakiwa kutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa mikopo isiyo na riba: asilimia 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana na 2 kwa watu wenye ulemavu. Utoaji ulisimamishwa Aprili 2023 ili mfumo urekebishwe, na mwaka 2024 ukarudi. Kikundi chetu kilipokaa kuandika andiko la kuomba, tulikwama mahali ambapo wataalamu hawakupategemea. Mkopo unataka marejesho ya haraka. Cherehani inaanza kuingiza siku inapofika, kuku wa nyama wanauzwa baada ya wiki chache, lakini mkindu unahitaji miaka kadhaa kabla hujaugusa. Tukashauriwa tubadilishe andiko: tuandike sabuni ya maji, au batiki. Wanawake wenye ufundi uliorithishwa tangu kwa bibi wa bibi zao wanafundishwa sabuni ya maji, kisha wote wanaipeleka kwenye gulio moja, na kila mmoja ana chupa zilezile. Nimeiona picha hiyo katika vijiji vingi na inanikera kweli, maana anayewashauri hivyo hajawahi kuwauliza wanajua nini.

Nafurahi pia kwamba mkondo wa amali umeanza katika sekondari zetu mwaka 2024. Kama mwalimu nililitamani jambo hilo. Lakini somo la mikono bila mali ghafi hufundishwa ubaoni, na nimeshafundisha hivyo. Mtoto anachora kikapu kwenye daftari, anapata alama, anarudi nyumbani hajui kuchana ukindu.

Ninachopendekeza kinaanzia mtoni, na sheria yake tayari ipo. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, kifungu cha 57, inakataza shughuli za kudumu na zile zinazoweza kuharibu mazingira ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto. Kwetu mabonde ni membamba. Mita 60 huku na mita 60 kule zinamaliza bonde zima na kupanda mpaka kwenye mlango wa mtu. Ndiyo maana kifungu hicho kinakumbukwa kiangazi, maji yakipungua bombani: viongozi wanashuka, wanatoa onyo, vitalu viwili vitatu vinang'olewa, picha zinapigwa. Mvua zikirudi, kabichi zinarudi. Hakuna aliyewahi kutuambia ukingo ule, ukishaachwa, uwe na nini juu yake.

Uwe na ukindu. Tuanze na hatua kumi kila upande wa kijito, katika vijiji vitakavyokubali. Wasukaji wapande machipukizi yanayoota pembeni mwa mashina yaliyobaki, si yale ya katikati tunayosukia, na kijiji kitunge sheria ndogo inayokabidhi ukingo huo kwa kikundi chao kwa jina na kwa mipaka. Kuvuna kuwe kwa zamu, kwa kanuni ya shina moja chipukizi moja. Mwenye shamba linalopakana alipwe kwa kila fungu linalokatwa upande wake, ili mkindu nao uwe na bei machoni pake, na asiruhusiwe kuuza nje kabla ya kikundi kununua. Mizizi ya mkindu inashika udongo wa ukingo. Mkulima anayeona mto ukimmegea vitalu kila masika ana sababu yake mwenyewe ya kuutaka. Mashimo ya udongo wa mfinyanzi yaandikwe vivyo hivyo katika mpango wa matumizi ya ardhi wa kijiji, kama kisima kinavyoandikwa.

Najua mtu mzima wa Usambara akisikia habari ya kuambiwa apande nini na wapi, moyo wake unarudi nyuma, na ana haki. Mwaka 1946 Waingereza walianza mpango wa kuhifadhi udongo katika bonde la Mlalo, na mwaka 1950 wakaupanua kuwa Mpango wa Usambara. Watu waliamriwa kuchimba matuta kwenye miteremko, asiyechimba akaadhibiwa. Wanaume wengi walikuwa mbali kutafuta vibarua, kwa hiyo jembe lilibaki mikononi mwa wanawake. Mama yangu alichimba matuta hayo akiwa binti, na alipoyasimulia uzeeni sauti yake ilikuwa bado ina hasira. Watu walipinga, wanawake wakiwa mstari wa mbele, na mwaka 1957 mpango ukaachwa.

Lakini milima hii ina kumbukumbu nyingine pia. Mwaka 1981 ulianza mradi wa SECAP, wa Tanzania na Ujerumani, nao ulikuwa wa udongo uleule na miteremko ileile. Ulihimiza mistari ya majani ya Guatemala na miti kufuata kontua. Majani yale yalizuia udongo, na pia yalikuwa chakula cha ng'ombe wa zizini. Mwanamke hakulazimika kutembea mbali kutafuta malisho. Mradi uliisha zamani, ila majani ya Guatemala yapo mpaka leo kwenye kingo za mashamba mengi, hayana mlinzi wala faini, kwa sababu yana mtu anayeyakata kila jioni. Ukindu una mtu wa namna hiyo tayari. Anangoja ruhusa tu.

Mambo mengine yako ndani ya uwezo wetu wa kawaida. Lushoto kuna kituo cha TAFORI, taasisi ya utafiti wa misitu, chenye hebaria inayojulikana na watafiti wa nchi nyingi. Wataalamu wake wamepima misonobari na mikaratusi kwa miaka mingi: inaota kwa kasi gani, inatoa mbao kiasi gani. Naomba wapime na mkindu. Watuambie kwa vipimo shina linavumilia kukatwa mara ngapi kwa mwaka, na kama ni bora kupanda mbegu au machipukizi katika baridi yetu. Sisi tutawapa kanuni za mama zetu, wao watupe zao, na zinapopishana tujaribu shambani. Halmashauri ya Lushoto na ya Bumbuli zina bustani za miche, na kila msimu wa kupanda miti tunaletewa miche ya mbao na ya matunda. Zilete na mkindu. Na katika ile asilimia 4 ya wanawake, madiwani waombe kwa wizara aina ya mkopo unaongoja mti ukue, marejesho yaanze siku ya mavuno ya kwanza. Wakiona ni vigumu, basi wasiuite mkopo. Wauweke kwenye bajeti ya kulinda vyanzo vya maji, maana ndiyo kazi utakayofanya mkindu.

Kwa wanunuzi nina neno moja. Mnapokuja na oda ya vikapu mia kadhaa vya kipimo kimoja na rangi moja, kisha mkaondoka mkisema wanawake hawa hawategemeki, ulizeni kwanza ukindu wa oda hiyo unatoka wapi na nani ameulipia. Lipeni sehemu ya fedha mwanzoni, kikundi kiweze kununua mali ghafi bila kukopa kwa mchuuzi. Na mnapopanga bei, hesabuni siku. Kikapu kinachouzwa Dar es Salaam au ng'ambo kwa mara tano ya bei ya Soni kina nafasi ya kutosha ya kumwongezea aliyekisuka.

Viongozi wa vijiji tuliowachagua Novemba 2024 wanatakiwa kuitisha mkutano mkuu kila baada ya miezi mitatu. Ukikaribia, wasukaji na wafinyanzi wa kila kijiji wapeleke ajenda hii kwa maandishi, kwa jina la kikundi, na siku yenyewe waende wengi. Wasiende wawili wakaketi nyuma. Waende na ramani iliyochorwa kwa mkono, inayoonyesha mikindu iliyobaki iko wapi na ilikuwa wapi walipokuwa wasichana. Bibi zetu wanaoweza kuichora ramani hiyo wapo hai, lakini wanapungua. Kikundi chetu kimeshaanza kuchora ya kwetu, na mwenyekiti wa kijiji ameahidi kuipa nafasi mkutanoni. Machipukizi hupandwa mvua zinapoanza. Kijiji kitakachotaka kuona yanavyotolewa kwenye shina bila kuliua, kitume watu wawili, mmoja msukaji na mmoja mwenye shamba la bondeni, tutawaonyesha bila malipo.